Setilaiti, mvua na mazingira yetu: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya nimeyakusanya kwa miaka kadhaa ya kazi ya kusoma picha za setilaiti na kuwaeleza watu matokeo yake: wafugaji, wakulima, walimu, maofisa wa kata, wanafunzi. Mengine nimeulizwa chini ya mti, mengine kwenye kundi la WhatsApp saa nne za usiku. Nimeyaacha jinsi yanavyoulizwa. Ukitafuta jambo moja tu, ruka moja kwa moja hadi swali lako. Pale jibu linapotegemea jibu jingine nimetaja namba yake.

## Mwanzo kabisa

1. Setilaiti ya kutazama Dunia ni ipi, na ina tofauti gani na ile ya king'amuzi?

Ile ya king'amuzi kazi yake ni kupokea mawimbi kutoka kituo cha televisheni na kuyarudisha chini hadi kwenye dishi lako. Hii tunayoizungumzia hapa imebeba vihisi vinavyotazama ardhi, bahari na hewa, na kupima kile kinachotoka huko.

Shika jambo moja, kwa sababu majibu mengi yaliyobaki yanalitegemea. Setilaiti haipimi mvua, wala ukame, wala malisho. Inapima mwanga wa jua uliorudishwa na ardhi, joto linalotoka juu ya wingu, au muda ambao wimbi la rada limechukua kwenda na kurudi. Mvua, ukame na malisho tunavipata kwa kukokotoa kutoka kwenye vipimo hivyo. Hesabu hiyo mara nyingi ni nzuri sana, na bado ni hesabu.

2. Ziko juu kiasi gani? Mbona nyingine zinapita na nyingine hazihami?

Kuna makundi mawili makubwa. La kwanza liko karibu: Landsat za Marekani huzunguka zikiwa kilomita 705 juu yetu, na Sentinel-2 za Ulaya kilomita 786. Ukiona ndege inayoruka kutoka Dar es Salaam hadi Nairobi, basi umbali wake unakaribia huo, ila huu ni wa kwenda juu. Setilaiti hizi hupita karibu na ncha za Dunia, mzunguko mmoja ukichukua kama dakika 100, na Dunia ikijizungusha chini yake zinaikamilisha yote baada ya siku kadhaa. Kwetu hupita asubuhi, kati ya saa nne na saa tano, kabla mawingu ya mchana hayajajikusanya.

Kundi la pili liko mbali mno, kilomita 35,786 juu ya ikweta. Kwa umbali huo setilaiti huzunguka kwa kasi ileile Dunia inavyojizungusha, kwa hiyo huonekana kama imesimama. Meteosat ya Ulaya inayotazama Bahari ya Hindi imekaa juu ya ikweta, mashariki kidogo ya pwani ya Kismayu, na hupiga picha ya upande wetu wote wa Dunia kila baada ya dakika 15. Ukiona mawingu yakitembea kwenye taarifa ya hali ya hewa ya televisheni, picha zake zimetoka kwenye setilaiti za namna hiyo.

3. Je, inaweza kuniona nikiwa uani kwangu?

Zile zinazotumika kwa mazingira, hapana. Pikseli moja ya Sentinel-2, yaani nukta moja ya picha, ni meta 10 kwa 10, kwa hiyo paa la nyumba ya kawaida ni nukta moja au mbili. Pikseli ya Landsat ni meta 30. Zipo setilaiti za kampuni binafsi zinazofikia sentimita 30 hivi: zinaonyesha gari na kivuli cha mti, lakini uso wa mtu hauonekani.

4. Kwa nini kwenye picha nyingine msitu ni mwekundu?

Kwa sababu vihisi huona mwanga ambao jicho letu halioni. Jani bichi hunyonya mwanga mwekundu kwa ajili ya kujitengenezea chakula, lakini mwanga wa infraredi ya karibu hulirudisha kwa wingi. Ili tuuone mwanga huo kwenye kompyuta, huwa tunaupa rangi nyekundu. Msitu mzito ukiwaka wekundu ujue una afya. Shamba lililovunwa huonekana la kijivu au samawati.

5. Afrika Mashariki tuna setilaiti zetu?

Tunazo chache, ndogo, na historia yetu na anga ni ndefu kuliko wengi wanavyodhani. Tarehe 12 Desemba 1970, sikukuu ya uhuru wa Kenya, setilaiti ya Marekani ilirushwa kutoka jukwaa la Waitaliano lililosimama baharini Ngomeni, karibu na Malindi. Ikapewa jina Uhuru. Hiyo haikutazama Dunia: ilichunguza miale ya eksirei kutoka kwenye nyota.

Kenya ilirusha Taifa-1, ya kutazama ardhi, tarehe 15 Aprili 2023, kwa roketi iliyoondoka California. Rwanda ilitangulia na RWASAT-1 mwaka 2019, na Uganda ikafuata na PearlAfricaSat-1 mwaka 2022. Lakini sehemu kubwa ya data tunayoitumia kila siku inatoka kwa NASA, kwa shirika la Ulaya la setilaiti za hali ya hewa, EUMETSAT, na kwa mpango wa Copernicus wa Umoja wa Ulaya. Wanaoisoma na kuitafsiri kwa ajili yetu wako hapa nyumbani: RCMRD, kituo cha kikanda cha ramani za rasilimali kilichoko Kasarani, Nairobi, tangu mwaka 1975, ICPAC, kituo cha tabianchi cha jumuiya ya IGAD, na mamlaka za hali ya hewa za kila nchi.

## Mvua

6. Setilaiti inapimaje mvua ikiwa inatazama mgongo wa wingu?

Hili ndilo swali zuri kuliko yote. Njia ya zamani hutumia joto. Wingu la ngurumo hupanda juu sana, na kadiri linavyopanda ndivyo kilele chake kinavyozidi kuwa baridi, hata kufika nyuzi 40 au 60 chini ya sifuri. Setilaiti ya Meteosat hupima ubaridi huo mchana na usiku. Tukihesabu saa ambazo wingu baridi limekaa juu ya mahali, kisha tukalinganisha na vipima mvua vya miaka ya nyuma, tunapata makadirio ya milimita. TAMSAT ya Chuo Kikuu cha Reading hufanya hivyo kwa Afrika nzima na ina rekodi kuanzia 1983. CHIRPS ya Chuo Kikuu cha California, Santa Barbara, huanzia 1981 na huchanganya ubaridi wa mawingu na vipimo vya vituo vya ardhini.

Udhaifu wake unatugusa sisi moja kwa moja. Mvua nyingi za pwani, na zile za miteremko ya Usambara, Uluguru au Mlima Kenya, hutoka kwenye mawingu mafupi: hewa yenye unyevu wa bahari inapanda mlima, inapoa, inanyesha. Kilele cha wingu hilo si baridi kiasi cha kutosha, kwa hiyo hesabu inasema pakavu huku watu wametota. Kinyume chake, yapo mawingu membamba ya juu kabisa, baridi mno, yasiyo na tone. Hayo huhesabiwa kuwa mvua.

Njia ya pili hutazama ndani ya wingu kwa mawimbi ya maikrowevu na rada. Setilaiti ya GPM ya Marekani na Japani, iliyorushwa Februari 2014, ina rada inayoona matone yenyewe. Shida ni kwamba inapita, haikai. Kwa hiyo data nyingi za siku hizi ni mchanganyiko wa njia zote.

7. Mbona ramani ilionyesha mvua siku ambayo kwetu halikudondoka hata tone?

Sababu ya kwanza ni hiyo ya swali la 6. Ya pili ni ukubwa wa eneo. Kisanduku kimoja cha CHIRPS kina upande wa kilomita 5 hivi, yaani kilomita 25 za mraba zinapewa namba moja. Sote tunajua mvua ya vuli: inanyesha upande huu wa barabara, ng'ambo vumbi linatimka. Ramani inasema milimita 15, na hizo 15 ni wastani wa jirani aliyepata 30 na wewe uliyepata sifuri.

Kwa siku moja, usiiamini sana namba ya kisanduku kimoja. Kwa dekadi, yaani siku kumi kumi kama wataalamu wa kilimo wanavyohesabu, inakuwa nzuri zaidi. Kwa msimu mzima na kwa wilaya nzima ni nzuri sana.

8. Kama tunayo yote hayo, kipima mvua cha shuleni ni cha nini tena?

Nimeulizwa hivi na mwalimu aliyekuwa na haki ya kuuliza. Kila siku saa tatu asubuhi anatoka na kijitabu, anainua chupa, anaisogeza usawa wa macho, anasoma mstari wa maji, anaandika, anamwaga. Miaka kumi na moja. Mtu fulani alikuwa amemwambia kwamba kazi hiyo sasa inafanywa na setilaiti.

Haifanywi. Bila namba ya mwalimu yule, hesabu ya juu haina cha kujipimia. Ubaridi wa wingu unageuzwa kuwa milimita kwa sababu tu kuna mtu aliyepima milimita halisi chini yake. Mahali penye vipima vingi, makadirio ya setilaiti huwa mazuri. Mahali vituo vilipokufa, nayo hudhoofika, na ramani haitakuonyesha kwamba imedhoofika. Rangi inabaki kuwa nzuri vilevile. Afrika ina vituo vichache mno kwa eneo lake, na vingi vimefungwa au vimeacha kutuma taarifa. Nimekiona kipima kimoja kilichofunikwa na matawi ya mwembe. Kilikuwa kinapima mvua iliyobakizwa na majani, na namba zake zilikuwa zikitumwa mwezi baada ya mwezi.

Kama una kipima mvua, kiweke mahali peupe, mbali na miti na paa, na kisome saa ileile kila siku. Hata siku isiyo na mvua andika sifuri. Sifuri iliyoandikwa ni taarifa. Nafasi tupu haisemi lolote.

9. Je, inaweza kutuambia masika au vuli itakuwaje?

Setilaiti haitabiri. Inatoa hali ya sasa, na wanaotabiri ni watu wakitumia kompyuta na uzoefu. Lakini kwa misimu yetu hali ya sasa ya bahari ni muhimu sana, hasa kwa vuli. Mwaka 2019 joto la uso wa Bahari ya Hindi lilipanda upande wetu na kushuka upande wa Indonesia kwa kiasi kikubwa, na vuli ya mwaka ule ikawa ya mafuriko. Joto hilo hupimwa na setilaiti kila siku, likisaidiwa na maboya ya baharini.

Masika ni kazi ngumu zaidi kuitabiri mapema. Ukisikia mtu anatangaza miezi minne kabla kwamba masika itaanza tarehe fulani, subiri taarifa ya mamlaka ya nchi yako.

## Malisho, mashamba na moto

10. Inajuaje kwamba kuna ukame?

Kwa kupima ukijani. Rudi swali la 4: jani bichi hunyonya nyekundu na kurudisha infraredi ya karibu. Tukichukua tofauti ya hizo mbili na kuigawa kwa jumla yake, tunapata kipimo kiitwacho NDVI. Udongo mtupu huwa karibu na 0.1 au 0.2, msitu mzito hufika 0.8.

Namba peke yake haitoshi. NDVI ya 0.3 ni janga huko Kericho na ni neema huko Marsabit. Kwa hiyo tunalinganisha mahali na historia yake: dekadi hii, hapahapa, kwa miaka yote iliyorekodiwa. Vihisi vya MODIS vimekuwa vikipima hivyo tangu setilaiti ya NASA iitwayo Terra iliporushwa mwishoni mwa 1999, kwa hiyo tunaweza kusema kwamba ukijani wa sasa ni wa chini kuliko miaka mingi iliyopita, na kusema hivyo wiki kadhaa kabla mifugo haijaanza kudhoofika.

11. Mbona jirani amelipwa bima ya mifugo na mimi sikulipwa, na ng'ombe wangu wamekufa?

Swali hili huulizwa kwa uchungu, na linastahili jibu kamili.

Bima hii haihesabu mizoga. Ilianza kuuzwa Marsabit mwaka 2010 kwa kazi ya watafiti wa ILRI, taasisi ya kimataifa ya utafiti wa mifugo, na wenzao, na serikali ya Kenya ikaanzisha mpango wake mwaka 2015, ukianzia Turkana na Wajir. Wazo lilikuwa zuri: haiwezekani kumtuma mkaguzi kuhesabu ng'ombe waliokufa kwenye nyika yote ile, basi tupime malisho kutoka angani. Ukijani wa eneo ukishuka chini ya kiwango kilichoandikwa kwenye mkataba, wote wenye bima eneo hilo wanalipwa kwa simu. Baadaye mpango uliboreshwa ili fedha zije mapema, mfugaji anunue majani na maji wanyama wakiwa bado wanasimama.

Sasa, eneo lina mpaka. Jirani yako ng'ambo ya luga, yaani mto wa msimu, anaweza kuwa kwenye eneo jingine, wastani wao ukashuka chini ya mstari na wenu ukabaki juu yake kidogo tu. Au eneo lenu lina mlima wenye msitu upande mmoja: ukijani wake unapandisha wastani, na ng'ombe hawali mlimani. Au wanyama wamekufa kwa ugonjwa, au kwa mvua ya baridi iliyowakuta wamedhoofika, ambavyo kipimo cha majani hakivijui.

Na kuna mathenge. Mti huu umeingia Baringo, Turkana, Garissa na Tana River na kuziba malisho. Unabaki kijani wakati nyasi zote zimekauka. Kwa setilaiti, kijani ni kijani. Mbuzi hula maganda yake, lakini vichaka vyake vimeua nyasi chini, na mfugaji anaye ng'ombe mwenye njaa katikati ya picha inayong'aa afya. Hii si hasira ya wafugaji tu: ni kasoro ya kweli ya kipimo, na mtu anayechora mipaka ya bima bila kukaa na wazee wanaojua wapi kuna nyasi na wapi kuna mathenge anafanya kazi nusu.

Kwa hiyo kabla ya kununua, uliza mambo matatu: eneo langu linaishia wapi kwenye ramani, kiwango cha kulipwa ni kipi, na miaka ya ukame mnayoikumbuka nyinyi wenyewe, je, kipimo hiki kingelipa? Hilo la tatu linaweza kuangaliwa, kwa sababu rekodi ipo. Dai uonyeshwe.

12. Shamba langu la ekari moja litaonekana?

Ndiyo. Ekari ina meta za mraba 4,047, yaani kama pikseli 40 za Sentinel-2, au nne na nusu za Landsat. Toa zile za mpakani zilizochanganyika na shamba la jirani, unabaki na chache lakini zinatosha kuona kama mahindi yanaendelea au yamesimama. Shamba la mchanganyiko, mahindi na maharage chini ya migomba, ni gumu zaidi kulisoma: ukijani unauona, lakini ni wa nini? Na milimani mawingu yanaweza kukunyima picha safi mwezi mzima, hata kama setilaiti inapita kila siku tano.

13. Inaonaje moto?

Kwa joto lake. Vihisi vya VIIRS vina pikseli ya meta 375, na moto mdogo sana kuliko hiyo unaweza kuonekana kwa sababu ya ukali wake. Mfumo wa NASA uitwao FIRMS huweka alama kwenye ramani ndani ya saa tatu hivi, bure. Alama huwekwa katikati ya pikseli, kwa hiyo usiende kumlaumu mwenye shamba lililo chini ya nukta kabla hujafika. Moto uliozimika kabla setilaiti haijapita hautaonekana, na ulio chini ya wingu zito pia.

14. Inaona nzige?

Hapana. Wakati wa uvamizi wa 2019 hadi 2021, FAO ilitumia setilaiti kutafuta udongo wenye unyevu na majani mapya, mahali ambapo nzige wangeweza kutaga na kukulia. Waliowaona wenyewe ni watu wa vijijini waliopiga simu na kutuma picha.

## Maziwa, mafuriko na bahari

15. Inawezekana kupima kina cha Ziwa Victoria kutoka angani?

Usawa wa maji, ndiyo. Setilaiti hutuma wimbi la rada chini, linagonga maji, linarudi. Muda wa safari unatoa umbali, na kwa kuwa tunajua setilaiti iko wapi hasa, tunajua maji yako wapi. Kwa ziwa kubwa usahihi ni wa sentimita kadhaa. Mei 2020, ziwa lilipopanda kupita hata kiwango cha 1964 na kuingia majumbani kuanzia Kisumu hadi Entebbe, mstari wa setilaiti na wa vipimo vya Jinja ulisimulia kisa kimoja.

Kazi hiyohiyo hufanyika baharini. Tangu 1993 usawa wa bahari duniani umepanda kwa wastani wa sentimita 10 hivi, na kasi inaongezeka.

16. Na maji yaliyo chini ya ardhi?

Hapa nitakueleza jambo ambalo hadi leo hunishangaza. Setilaiti mbili za GRACE, zilizorushwa mwaka 2002, zilifuatana zikiwa kilomita 220 hivi kutoka moja hadi nyingine. Mahali penye uzito zaidi, mvutano wa Dunia ni mkubwa kidogo, basi ya mbele inavutwa kwanza na umbali kati yao unabadilika kwa kiasi kidogo kuliko unywele. Wakipima badiliko hilo, wataalamu wanajua eneo limeongezeka au limepungukiwa na maji: ya ziwa, ya udongo na ya mwambani kwa pamoja. Mrithi wake, GRACE-FO, yuko angani tangu Mei 2018.

Inafaa kwa maeneo ya mamia ya kilomita. Haitakuambia uchimbe wapi kisima.

17. Wakati wa mafuriko mbingu imefunga. Picha inapatikana vipi?

Kwa rada. Wimbi lake hupenya wingu na halihitaji jua. Maji yaliyotulia ni kama kioo: yanalirudisha wimbi upande mwingine, kwa hiyo kwenye picha yanakuwa meusi. Kimbunga Idai kilipoipiga Beira Machi 2019, picha za Sentinel-1 zilionyesha bara lililogeuka kuwa ziwa, na waokoaji wakajua vijiji gani vimezingirwa.

Rada huchanganyikiwa mjini, kwa kuwa kuta za nyumba hurudisha mawimbi kwa nguvu, na chini ya miti minene. Mafuriko ya saa mbili ya Msimbazi au Mathare yanaweza kuja na kuondoka kabla setilaiti haijapita.

18. Matumbawe yetu yanafuatiliwa?

Joto lake, ndiyo. Shirika la NOAA la Marekani hupima joto la uso wa bahari kwa visanduku vya kilomita 5 na kuhesabu wiki ambazo maji yamezidi joto la kawaida la mwezi wa joto kuliko yote. Joto la ziada likilundikana, matumbawe hupauka, likizidi, hufa. Ilitokea kwetu mwaka 1998 na tena 2016, na Aprili 2024 NOAA ilitangaza upaukaji mwingine wa dunia nzima. Setilaiti inatoa onyo. Kwamba tumbawe la Chumbe au Kisite limepauka kweli, lazima mtu avae miwani azame.

## Tabianchi

19. Rekodi ina urefu gani, na inatuonyesha nini?

Landsat ya kwanza ilirushwa tarehe 23 Julai 1972. Kwa hiyo tuna zaidi ya miaka 50 ya picha za ardhi, na huo ndio utajiri wenyewe: unaweza kuweka delta ya Rufiji ya ujana wa baba yako kando ya hii ya leo na kuhesabu mikoko. Kilimanjaro ilipochorwa ramani mwaka 1912 ilikuwa na kilomita za mraba 12 hivi za barafu; picha za angani na za setilaiti zinaonyesha sasa imebaki chini ya 2.

Picha mbili hazitoshi kuwa ushahidi wa tabianchi, hata zikiwa za kutisha. Ziwa linaweza kuwa limejaa mwaka huu kwa mvua ya msimu mmoja. Tunahitaji mfululizo.

20. Inaona hewa ukaa?

Inapima mwanga uliopungua kwa sababu ya hewa hiyo. OCO-2 ya NASA imekuwa ikifanya hivyo tangu 2014, na Sentinel-5P hupima methani tangu 2017. Kwa ukanda wetu, jambo kubwa zaidi pengine ni hewa ambayo haijatoka: mwaka 2017 watafiti waliounganisha picha za setilaiti na safari za miguu ndani ya vinamasi walitangaza kwamba bonde la kati la Kongo lina mboji ya kinamasi yenye eneo la kilomita za mraba 145,500, ikihifadhi kaboni ya tani bilioni 30 hivi. Setilaiti iliwaonyesha pa kwenda. Kina cha mboji walikipima kwa fimbo, matope yakiwafika kiunoni.

21. Setilaiti zimewahi kukosea?

Zimewahi, na ni vizuri kujua jinsi gani.

Katika miaka ya 1990 rekodi moja ya joto la hewa kutoka setilaiti ilionyesha kwamba Dunia haipati joto. Wengi waliishika kama hoja. Mwaka 1998 Frank Wentz na Matthias Schabel walionyesha kwamba setilaiti zilikuwa zikishuka polepole kwa kukwaruzana na hewa nyembamba ya juu, na kushuka huko kulizalisha ubaridi wa uongo. Masahihisho hayo, na mengine yaliyofuata, yalileta ongezeko la joto.

Mfano mwingine ni wa tundu la ozoni. Setilaiti ya Nimbus-7 ilikuwa ikipita juu ya Antaktika, lakini vipimo vya chini mno viliwekewa alama ya shaka. Waliotangaza tundu hilo, mwaka 1985, walikuwa Waingereza watatu, Joseph Farman, Brian Gardiner na Jonathan Shanklin, kwa kifaa kilichokaa ardhini kituo cha Halley. Data ya setilaiti ilipopitiwa upya, tundu lilikuwamo muda wote, tena kubwa kama bara.

Kuna pia uharibifu wa kawaida. Picha za Landsat 7 zilizopigwa baada ya Mei 2003 zina mistari mitupu kwa sababu kifaa kimoja kilikufa. Ukiiona mistari hiyo kwenye picha ya kijiji chako, si barabara.

## Kutumia mwenyewe

22. Nitapata wapi picha, na ni bei gani?

Bure. Landsat ilifunguliwa kwa wote mwaka 2008, na Sentinel zimekuwa wazi tangu mwanzo. Copernicus Browser hufunguka kwenye kivinjari, hata cha simu, ingawa utachoka kuvuta kwa vidole; Digital Earth Africa imeziandaa tayari kwa bara letu. Kama intaneti yako ni ya bando dogo, tazama tu mtandaoni, usipakue: picha nzima ya Sentinel-2 hula mamia ya megabaiti.

23. Picha ya Google Earth ni ya sasa hivi?

La. Ni mshono wa picha za tarehe tofauti, nyingine za miaka kadhaa nyuma. Tazama tarehe iliyoandikwa chini kabla ya kusema kwamba fulani amekata msitu jana.

24. Naweza kuitumia kwenye kesi ya mpaka wa shamba?

Kuonyesha kwamba mahali palikuwa pori mwaka 1995 na palilimwa 2005, inaweza kusaidia. Kuonyesha kwamba mpaka uko hapa na si hatua tatu kule, hapana: pikseli moja ni pana kuliko mgogoro wenu. Mwite mpima ardhi.

25. Nimeona ramani inakosea kuhusu kwetu. Nifanye nini?

Simama mahali penyewe, washa GPS ya simu, andika tarehe, piga picha nne: kaskazini, kusini, mashariki, magharibi. Andika kwa maneno unachokiona, kama ungemweleza shangazi yako: nyasi fupi zilizokauka, mathenge upande wa luga, ng'ombe hamna. Peleka kwa ofisa wa mifugo au kilimo, au kituo cha hali ya hewa kilicho karibu, na ubaki na nakala. Kisha rudi mahali hapohapo baada ya siku kumi, upige tena zile nne.